Mkware mwenye kasri

Kitabu cha kwanza kilinifikia hakina jalada na hakina kurasa za mwisho. Nilikuwa kidato cha pili, shule ya bweni ya wasichana, na kitabu kilikuwa kimepita mikono mingi mpaka kimezoea: ukikiweka mezani kinafunguka chenyewe penye busu. Kuna mtu alikivalisha gazeti, na juu ya gazeti akaandika kwa peni nyekundu "Kemia". Taa zikizimwa tulikisoma kwa tochi chini ya blanketi, wanne, kwa zamu, nusu saa kila mmoja, na anayemaliza zamu yake anamnong'oneza wa kitanda cha jirani alipoishia. Kiingereza chetu kilikuwa cha kuombea maji. Sentensi nzima nzima tuliziruka. Yule mwanaume hatukumruka.

Alikuwa duki. Duki ni cheo cha juu kabisa katika makabaila wa Uingereza, ukiondoa ukoo wa mfalme. Alikuwa na kasri, farasi weusi, kovu dogo kwenye nyusi na sifa mbaya mji mzima. Akina mama wenye mabinti wa kuozesha walimficha binti kwa mkono mmoja, wakampungia duki kwa mkono wa pili. Yeye mwenyewe alikuwa amechoka: kamari imemchosha, mvinyo umemchosha, wanawake wamemchosha. Mpaka siku alipokutana na msichana asiye na kitu, mwenye ulimi, akamwambia mbele za watu kwamba analalamika kama mtoto aliyenyimwa andazi. Chini ya blanketi tulifinyana mpaka mmoja akapiga ukelele, matroni akaja.

Kitabu kiliishia bustanini. Mvua inanyesha, duki amepiga goti kwenye tope, ameshauliza swali lake. Ukurasa unaofuata haupo. Tulibishana muhula mzima. Mmoja alisema binti alikubali palepale, nani atamkataa duki? Mwingine alisema alikubali, ila alimwacha kwanza anyeshewe mpaka apate homa. Wa tatu, ambaye leo ni mhasibu, alisema alikataa, kwa sababu kasri lilikuwa na madeni na hakuna mahali kwenye kitabu palipoonyesha yamelipwa.

Imepita miaka zaidi ya ishirini. Navisoma bado, siku hizi kwenye simu, asubuhi ndani ya mwendokasi, nimebanwa kati ya begi la mtu na kwapa la mtu. Nimesoma vingi kiasi kwamba najua duki atavua glavu ukurasa gani. Na huwa najiuliza kwa nini mwanamke mwenye akili timamu, mwenye mume, watoto wawili na marejesho ya kikoba, anamfuata mkware wa Kizungu aliyekufa miaka mia mbili iliyopita, tena ambaye hakuwahi kuishi.

Aliyenilazimisha kulifikiria vizuri ni shangazi yangu. Jumapili moja tulikuwa barazani kwake, yeye na ungo wa mchele mapajani anachagua chuya, mimi na simu. Nikacheka peke yangu.

"Hivi wewe, mtu mzima, unasoma nini humo?"

Nikamweleza: kuna bwana mkubwa, tajiri, mpenda wanawake, hataki kuoa, sasa amempata wa kumtuliza.

Shangazi akatupa chuya kwa kuku. "Mwanangu, wa hivyo tulikuwa naye hapahapa mtaani. Mimi niliolewa naye." Akachagua kidogo. "Mwanaume habadilishwi na mke. Hubadilishwa na kisukari."

Sikuwa na jibu. Hata neno sahihi la kumwita huyo bwana sikuwa nalo. Kiswahili kina majina mengi ya mtu wa aina hii, na yote yanauma. Mkware: unamwona ameshaanza kukutazama vibaya. Kiwembe: kila kinachopita mbele yake anakata. Fataki: mtu mzima mwenye gari na hela ya chipsi, anayewinda wanafunzi. Majirani zetu Wakenya wana fisi wao, na fisi hahitaji maelezo. Ukiyasikiliza majina hayo utagundua yametungwa na aliyekwishakatwa, au jirani yake. Neno la Kiingereza, rake, nalo lilianza kwa ukali. Leo ni neno moja na la kile chombo cha bustani, reki, lakini ni kifupisho cha neno la kale la mtu mwovu ambaye ungeweza kupitisha reki jehanamu nzima usipate wa kufanana naye. Baadaye jehanamu ikadondoka, ikabaki reki, na reki ikavishwa koti zuri.

Wale wa kweli hawakuwa na lolote la kumfanya mtu afinye wenzake. John Wilmot, mtukufu wa Rochester, mshairi hodari na mlevi hodari zaidi katika baraza la mfalme Charles II, alikufa mwaka 1680 akiwa na miaka 33, mwili umeoza kwa maradhi. Enzi hizo na muda mrefu baadaye kaswende ilitibiwa kwa zebaki, sumu ambayo iling'oa meno kabla haijagusa ugonjwa. Madaktari wa London waliishi vizuri kwa kazi hiyo. Sasa nitajie duki mmoja wa kwenye riwaya, aliyelala na nusu ya mji kabla ya sura ya kwanza, ambaye meno yake hayang'ai.

Na ukitaka kumwona mkubwa wao, mtazame mtu aliyeipa jina enzi ya riwaya hizi, Regency, yaani utawala kwa niaba. Vingi vya vitabu hivi vimewekwa kati ya 1811 na 1820, wakati mfalme George III ameugua akili na mwanawe anatawala kwa niaba yake. Mwana huyo alishafunga ndoa ya siri mwaka 1785 na mjane Mkatoliki, Maria Fitzherbert, ndoa ambayo sheria haikuitambua. Miaka kumi baadaye akamwoa binamu yake wa Ujerumani, Caroline wa Brunswick, kwa sababu moja: Bunge lingemlipia madeni, zaidi ya pauni 600,000. Siku alipomwona bibi harusi kwa mara ya kwanza aliomba aletewe glasi ya brandi. Mwaka 1821, siku ya kutawazwa kwake, Caroline alikwenda mpaka kwenye milango ya Westminster Abbey akazuiwa kuingia. Huyo ndiye mkware mwenye kasri. Hakupiga goti kwenye tope.

Basi nini kinanirudisha? Jibu langu nililipata mahali pakavu sana, kwenye sheria ya ndoa.

Mwanamke wa Kiingereza wa mwaka 1815, akishasema "ndiyo" kanisani, kisheria anamezwa na mume. Fedha zake ni za mume. Mshahara wake, kama anao, wa mume. Watoto wa mume. Hata mahari kule ilitoka kwa baba wa binti kwenda kwa bwana harusi, jambo ambalo nilipomwambia shangazi aliacha mchele kabisa. Ilibidi ifike 1839 ndipo mama aliyetengana na mumewe aweze kuiomba mahakama akae na watoto wadogo. Kabla ya 1857 talaka kamili, ya kukuruhusu kuoa au kuolewa tena, ilihitaji sheria maalumu ya Bunge kwa ajili yako wewe mmoja, na gharama yake ilikuwa ya watu wenye mashamba. Mwanamke aliyeolewa alipata haki kamili ya kumiliki mali yake mwaka 1882.

Kwa hiyo binti yule ana kipindi kimoja tu maishani ambacho mikononi mwake kuna kitu bwana mkubwa hana na hawezi kukichukua bila kupewa. Kinaanza siku wanapotambulishwa na kinakwisha anapofungua mdomo kujibu. Katika maisha halisi kilikuwa kifupi: wiki chache za dansi mjini London, baba anahesabu gharama, shangazi anasukuma. Riwaya inakichukua kipindi hicho inakivuta kiwe kurasa mia tatu. Dunia nzima inamsubiri duki, wapangaji wanamsubiri, mawakili wanamsubiri, farasi wanamsubiri wamefungwa lijamu. Sasa yeye anasubiri. Anapita mtaani mara tatu kwa kisingizio. Anatuma maua, maua yanarudi. Mimi ambaye nimesubiri posa, nimesubiri majibu ya kazi, nimesubiri tiki mbili za bluu zigeuke kuwa ujumbe, nakaa pale kwenye mwendokasi nikimwangalia bwana mwenye ekari elfu kumi akihangaika kujua kama amesamehewa. Sitaki kuificha: ni raha tupu.

Ndiyo maana lazima awe kabaila, na lazima awe mkware. Mwanaume mpole akisubiri, ni kawaida yake. Huyu hajawahi kusubiri, hajui hata pa kuweka mikono.

Halafu kuna maneno. Msomaji wa pwani ataelewa haraka kuliko Mwingereza wa leo, kwa sababu sisi tumekulia kwenye vijembe. Sebule za London za riwaya hizi ni ukumbi wa taarabu usio na muziki. Binti hawezi kumtukana duki. Ni mkubwa wake kwa kila kitu. Basi anamsifia. Anamsifia buti zake kwa namna ambayo kila aliyesimama karibu anaelewa kwamba ubongo haukutajwa. Anasema hayo huku anajipepea, uso umetulia kama wa mtu aliyevaa khanga yenye jina la jirani yake. Naye duki, ambaye maisha yake yote ameambiwa "naam, mtukufu", anageuka polepole. Waandishi wazuri wa aina hii hutumia ukurasa mzima kwa mgeuko huo. Anavua glavu ya kulia, kidole kimoja kimoja, kwa sababu waltz inaanza na ameamua kuomba mkono wa aliyemchamba. Kwangu mimi glavu hiyo inatosha. Yanayofuata baada ya mlango kufungwa mara nyingi nayasoma haraka haraka, kama mtu anayepitia masharti ya benki.

Hata milango ya dansi ilishikwa na wanawake. Kulikuwa na kumbi pale King Street, London, ziitwazo Almack's, na kuingia kila Jumatano ulihitaji kibali kutoka kwa kamati ya mabibi wachache. Fedha peke yake hazikukuingiza. Mabibi hao hawakuwa na kura, hawakuwa na kiti bungeni, ila waliweza kumnyima bwana mkubwa mlango. Napenda kuwafikiria wamekaa na daftari lao.

Kuna mambo mawili yananikera, na nayasema kwa kuwa nimekula chumvi ya vitabu hivi muda mrefu. La kwanza, vile vya zamani, hasa vya karatasi nyepesi vilivyotoka Marekani miaka ya 1970. Kwenye vingi mwanaume anambaka binti sura ya tatu, na sura ya ishirini binti anampenda. Hivyo nimeviacha. Vimeua kitu chenyewe ninachokitafuta, maana mtu aliyechukua kwa nguvu hana tena cha kusubiri.

La pili ni sukari. Duki anakunywa chai. Mkewe mtarajiwa anatia vijiko viwili. Hakuna anayeuliza vimetoka wapi, na sisi wasomaji tumetulia tunasubiri busu. Vilitoka Jamaika na Barbados, kwenye mashamba ya watumwa. Uingereza ilipiga marufuku biashara ya kuuza watu mwaka 1807, utumwa wenyewe ukaendelea kwenye makoloni. Ulipofutwa kwa sheria ya 1833, pauni milioni 20 zililipwa fidia, kwa wenye watumwa. Waliokuwa watumwa hawakupewa hata senti, na wengi wakaendelea kufanyishwa kazi bila malipo mpaka 1838 kwa jina la uanagenzi. Miongoni mwa waliolipwa walikuwamo hawahawa, mabwana wa koti zuri. Wala sisi wa mwambao hatuna ubavu wa kuwanyooshea kidole wao peke yao. Karafuu ya Unguja na Pemba nayo ilichumwa na watumwa, na mamwinyi wetu walikunywa kahawa yao kwa utulivu uleule. Hali ya utumwa Zanzibar ilifutwa kisheria mwaka 1897. Siku hizi nikikuta kasri kwenye riwaya, kuna sauti ndogo inauliza limejengwa kwa nini. Inaharibu kidogo ladha ya chai. Acha iharibu.

Shangazi aliposema lile la kisukari, hakujua kwamba anaingia kwenye ugomvi wa karibu miaka mia tatu. Waingereza walikuwa na msemo kwamba mkware aliyetubu ndiye mume bora kuliko wote. Samuel Richardson, mchapaji wa London aliyegeuka mtunzi, aliuchukia msemo huo kiasi cha kuandika mojawapo ya riwaya ndefu kuliko zote za Kiingereza, ikatoka 1747 hadi 1748, akionya dhidi yake tangu dibaji. Mkware wake aliitwa Lovelace. Anamlaghai binti mwema, anamtia dawa, anambaka, na binti anakufa. Unafikiri wasomaji walielewa? Kitabu kilikuwa kikitoka kwa mafungu, na barua zikaanza kumiminika: mwache Lovelace atubu, waoane, tunakuomba. Bibi mmoja wa daraja la juu, Lady Bradshaigh, alimwandikia kwa jina la bandia akimsihi awape mwisho mwema. Richardson alishtuka. Katika matoleo yaliyofuata akaongeza maneno kumpaka Lovelace masizi zaidi. Wasomaji wakaendelea kumpenda na masizi yake.

Basi nikamwambia shangazi habari za mkware mmoja wa kweli ambaye mwanamke mwenye akili alijaribu kumtuliza. Nilimwambia yote, kwa sababu ndiyo hadithi ninayoikumbuka kila ninapomaliza kitabu nikiwa na tabasamu.

Mwaka 1812 Lord Byron alikuwa na miaka 24, ametoa shairi, London nzima inamzungumza. Mzuri wa sura, anachechemea, ana madeni na ana wanawake. Mwaka huohuo alipeleka posa kwa Annabella Milbanke, binti msomi, mpenda hisabati, mcha Mungu. Aliipeleka kupitia kwa shangazi wa binti.

"Heshima," akasema shangazi yangu.

Annabella akakataa. Hapo ndipo riwaya ingeanza, na kwa kweli ilianza: mwaka uliofuata binti mwenyewe akamwandikia barua, barua zikajibiwa, na Septemba 1814 Byron akaposa tena kwa barua. Akakubaliwa. Annabella aliamini kuna mtu mwema ndani ya yule mtu na kwamba yeye ndiye atakayemtoa. Walioana tarehe 2 Januari 1815, sebuleni kwa wazazi wake huko Seaham. Kabla mwaka haujaisha wadai walikuwa wamemweka mtu wao ndani ya nyumba yao London kulinda vitu, Byron anakunywa na kufoka, na Annabella ana mimba kubwa. Binti, Ada, alizaliwa tarehe 10 Desemba. Alfajiri ya tarehe 15 Januari 1816 Annabella alipanda gari la farasi na kichanga cha wiki tano, akarudi kwa wazazi wake. Hawakuonana tena. Aprili hati ya kutengana ikatiwa saini na Byron akaondoka Uingereza moja kwa moja. Alikufa Ugiriki mwaka 1824. Ndoa yote, mwaka mmoja na siku kumi na tatu. Mtoto yule ndiye Ada Lovelace, anayetajwa leo kila panapozungumzwa mwanzo wa kompyuta: mumewe alipewa cheo cha mtukufu wa Lovelace mwaka 1838, na binti wa mkware mashuhuri kuliko wote akaishia na jina la mkware wa Richardson.

Shangazi alisikiliza yote bila kuinua macho kutoka kwenye ungo. Nilingoja aniulize kuhusu mapenzi.

"Na mali yake? Alirudishiwa?"

Nikamwambia. Mama yake Annabella alifariki mwaka 1822, akaacha shamba la ukoo. Byron yuko Italia, karibu miaka sita tangu aondoke. Masharti ya urithi yalitaka atumie jina la ukoo wa marehemu. Akaliongeza kwenye jina lake, Noel Byron, na akapata nusu ya mapato.

Shangazi alicheka mpaka mchele ukamwagika. Akafuta macho kwa ncha ya khanga, akaita kuku waje wale. "Jina la mama mkwe! Huyo hata wangu hakumfikia." Kisha akavuta mkeka, akajinyoosha, akanionyesha simu kwa kidevu. "Hebu achana na huyo. Nisomee yule wako wa uongo."

Nikatafuta mahali pazuri. Nilikuwa naifasiri papo kwa papo, Kiingereza kinaingia kwa macho kinatoka Kiswahili cha Tanga: bwana mkubwa amefika mlangoni usiku, hana kofia, mvua inamchuruzika shingoni, mtumishi amekwenda kumwambia bibi kwamba kuna mgeni. Bibi yuko ghorofani, amesimama nyuma ya pazia, anamwona. Nikataka kugeuza ukurasa.

"Ngoja," akasema shangazi, macho ameyafumba. "Mwache anyeshewe kwanza."